Alipolihamishia banda la gemu sebuleni

Wazazi wengi wa mijini wanalijua banda la gemu hata kama hawajawahi kuingia ndani. Ni kachumba kenye pazia mlangoni, runinga tatu au nne zimepangwa ukutani, feni moja, na benchi lililojaa wavulana wenye sare za shule. Mwenye hela anapewa pedi, muda wake ukiisha anainuka. Asiye na hela anasimama nyuma na kutoa ushauri.

Kwa baba mmoja mkazi wa Tabata, Dar es Salaam, banda hilo lilikuwa jambo la watoto wa wenzake, mpaka siku mwalimu alipompigia simu mkewe. Mtoto wao wa kwanza, mvulana wa miaka 12 aliye darasa la sita, alikuwa amekosa tuisheni ya jioni mara nne ndani ya wiki mbili. Nyumbani alikuwa anaaga kama kawaida na kurudi kama kawaida, daftari mkononi.

Mdogo wake wa kike, mwenye miaka minane, ndiye aliyetoboa siri. Kaka hali mchana shuleni, alisema. Hela ya chakula anaitunza.

Mama wa watoto hao ni muuguzi. Kilichomuuma zaidi hakikuwa tuisheni. Ni kwamba kwa muda huo wote mtoto alikuwa anarudi jioni na njaa ya tangu asubuhi, na yeye mwenyewe alikuwa akimsifia kwamba siku hizi anakula vizuri, sahani haibaki kitu.

Baba alikwenda bandani jioni ile ile. Kijana anayelisimamia alimwamkia kwa heshima, "Shikamoo mzee," akampisha apite. Mtoto alikuwa kwenye benchi la mwisho, tena hachezi. Alikuwa anatazama wengine. Hela yake ilikwisha saa nzima iliyopita, lakini hakuondoka.

Walirudi nyumbani kwa miguu bila kusemeshana. Baba anasema alikuwa amejiandaa kuchapa, ila njiani likamjia swali ambalo hakuwa na jibu lake: mtoto aliyemaliza hela yake alikuwa anasubiri nini pale?

Mkalimani ndani ya kompyuta

Baba huyo alikua na gemu pia. Miaka ya mwanzo ya 2000 kaka yake, aliyekuwa akifanya kazi melini, alileta PlayStation na diski tatu: Crash Bandicoot, Tekken 3 na moja ya mpira. Mashine ilikufa zamani, ikawa haisomi tena diski, lakini diski zenyewe zilibaki ndani ya kopo la biskuti juu ya kabati.

Nyumbani kulikuwa pia na kompyuta ya mezani, ya mtumba, iliyonunuliwa wakati mama akisomea stashahada yake. Ilikuwa imefunikwa kitambaa, juu yake pamewekwa vikombe.

Mfanyakazi mwenzake ndiye aliyemweleza kwamba vitu hivyo viwili vinaweza kukutanishwa. Kuna programu zinazoitwa emuleta. Kazi yake ni kuigiza mashine nyingine. Gemu ya PlayStation iliandikwa kwa lugha ambayo kompyuta ya kawaida haiielewi, kwa sababu kichwa cha mashine ile kimejengwa tofauti. Emuleta inakaa katikati kama mkalimani: inasikiliza gemu ikitoa amri, inazigeuza kuwa amri ambazo kompyuta inazielewa, na inafanya hivyo mamilioni ya mara kwa sekunde.

Mkalimani lazima awe na kasi kuliko anayemtafsiria, ndiyo maana kompyuta ya leo inaweza kuhangaika na gemu za mashine za karibuni. Lakini PlayStation ya kwanza ilitoka Japani Desemba 1994, ikiwa na kasi ya takribani megahezi 34 na kumbukumbu ya megabaiti 2 tu. Hata kompyuta ya mtumba iliyofunikwa kitambaa inaizidi kwa mbali sana.

Mama hakufurahi aliposikia mpango huo. "Baba watoto," alimwambia mumewe, "mtoto anakunywa pombe kilabuni, wewe unamletea pipa nyumbani?"

Baba hakuwa na jibu zuri. Alichosema ni kwamba kilabuni hawaoni anakunywa nini, anakunywa na nani, na anaacha saa ngapi. Nyumbani wataona. Wakakubaliana kujaribu kwa mwezi mmoja, na mama akaweka sharti: kompyuta itakaa sebuleni, ukutani karibu na meza ya kulia chakula, na haitaingia chumba cha watoto hata kwa siku moja.

Jumamosi moja, watu watatu, kompyuta moja

Baba alifanya uamuzi ambao anauona leo kuwa bora kuliko yote. Hakuifunga mashine usiku na kuwaonyesha watoto asubuhi. Alimwita mwanawe na binti yake, wakaanza pamoja.

Vumbi lilitolewa kwanza. Kisha wakashusha programu ya RetroArch kutoka kwenye tovuti ya wenyewe. Ni ya bure. Inabeba ndani yake emuleta za mashine nyingi, na kila moja unaichagua na kuiongeza kwenye orodha unapoihitaji. Wao walichagua moja tu ya PlayStation, iitwayo PCSX ReARMed, kwa sababu ni nyepesi kwa kompyuta ya zamani.

PlayStation halisi ilikuwa na programu yake ya kuamkia, inayoitwa BIOS. Hiyo ni mali ya kampuni iliyoitengeneza, na haiji na emuleta. PCSX ReARMed ina mbadala wake wa ndani, na gemu nyingi huamka nao, ingawa nyingine hukwama.

Baada ya hapo zikaja diski. Za PlayStation ya kwanza ni CD za kawaida, kwa hiyo kompyuta yenye sehemu ya kuwekea CD inaweza kuzisoma. Walitumia programu nyingine ya bure, ImgBurn, kunakili kila diski kuwa faili. Hutoka faili mbili: moja kubwa yenye gemu yenyewe, na nyingine ndogo sana yenye mwisho wa "cue", inayoieleza kompyuta gemu inaanzia wapi na muziki uko wapi. Unapofungua gemu unaichagua hiyo ndogo.

Diski ya mpira iligoma. Ilikuwa na mikwaruzo. Baba alikuwa anaifuta kwa kuizungusha, mvulana akamkatiza: "Hapana baba, unafuta kutoka katikati kwenda nje. Bandani wanafuta hivyo." Alichukua kitambaa laini akafuta mwenyewe. Ilikubali mara ya tatu.

Baba anasema hapo ndipo alipomsikia mtoto wake akiongea sentensi ndefu kwa mara ya kwanza tangu siku ya bandani.

Walinunua pedi mbili za USB Kariakoo. Zilipochomekwa, programu ilizitambua yenyewe. Kufikia saa kumi jioni, Crash alikuwa anakimbia kwenye kioo cha kompyuta, na binti mdogo alikuwa ameshajua kitufe cha kuruka kabla ya kaka yake.

Cha halali na kisicho halali

Swali la uhalali lilijitokeza siku hiyo hiyo, kwa sababu mvulana aliuliza kwa nini wasishushe gemu nyingine elfu moja kutoka mtandaoni. Rafiki yake anazo kwenye flashi.

Emuleta yenyewe si kosa. Mwaka 2000 mahakama ya rufaa nchini Marekani, katika kesi ya Sony dhidi ya Connectix, iliona kwamba kuchunguza jinsi mashine inavyofanya kazi ili kutengeneza emuleta kunaruhusiwa. Suala ni faili za gemu. Gemu ni kazi ya mtu, kama kitabu au wimbo. Hapa nchini ipo Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, na programu za kompyuta ni miongoni mwa kazi zinazolindwa. Kuwa gemu ni ya zamani hakuifanyi kuwa ya bure.

Ipo njia safi. Watengenezaji wadogo hutoa gemu zao wenyewe bure. Cave Story, iliyotengenezwa na Mjapani mmoja peke yake na kutolewa mwaka 2004, ni mfano, na inachezeka ndani ya RetroArch. Tobu Tobu Girl, iliyoandikwa kwa ajili ya Game Boy mwaka 2017, nayo ni ya bure. Binti wa nyumba hiyo ameifanya yake.

Flashi ya rafiki ina hatari nyingine. Faili la gemu ya zamani halijiendeshi lenyewe, linafunguliwa na emuleta. Ukikuta "gemu" ya PlayStation ambayo jina lake linaishia na "exe" na inataka kusakinishwa kwenye kompyuta, iache. Baba huyo alimfundisha mwanawe kanuni hiyo, na mtoto akaipeleka kwa wenzake kama utaalamu wake mwenyewe.

Swali la muuguzi

Mama alikaa pembeni wiki ya kwanza, akitazama. Alikuwa na jambo moja rohoni. Kwenye wodi ameona watoto wenye kifafa, na anajua kwamba kwa wachache wao mwanga unaomemeteka unaweza kuamsha kifafa. Ni takribani watu 3 katika kila 100 wenye kifafa, lakini mzazi mara nyingi hajui mtoto wake yumo mpaka siku ya kwanza. Desemba 1997, nchini Japani, katuni moja ya Pokémon ilionyesha mwanga mwekundu na wa buluu ukibadilishana kwa kasi, na zaidi ya watoto 600 wakapelekwa hospitali jioni hiyo.

Gemu za dukani za zamani zilikuja na kijitabu chenye onyo la kifafa, na kwenye boksi kuna alama ya umri. Marekani mfumo wa alama hizo, ESRB, ulianza 1994. Ulaya wana PEGI tangu 2003. Faili lililo ndani ya kompyuta halina boksi wala kijitabu. Gemu ya kupigana na ya kurukaruka zote zinaonekana kama jina tu kwenye orodha. Kwa hiyo kazi ya boksi inamwangukia mzazi: atafute jina la gemu, aone imepangiwa umri gani, na aicheze mwenyewe kwanza.

Mama alitoa masharti yake, nayo ni rahisi kuyafuata nyumba yoyote. Taa ya sebuleni inawashwa, hakuna kucheza gizani. Kila dakika 20 macho yanaondolewa kwenye kioo na kutazama kitu kilicho mbali, kama mita sita, kwa sekunde 20, kwa sababu mtu anayekodolea kioo hupepesa macho mara chache na macho hukauka. Saa moja kabla ya kulala kompyuta inazimwa. Mtoto wa miaka 6 hadi 12 anahitaji usingizi wa saa 9 hadi 12, na gemu ni mwizi mkubwa wa saa hizo.

Na kama mtoto ana historia ya degedege au kifafa, daktari anaulizwa kabla ya pedi kuguswa. Akianza kukodoa macho bila kuitika, kutikisika mkono au mguu, au kulalamika kwamba anaona vibaya, mchezo unakwisha hapo hapo na anapelekwa kituo cha afya.

Hifadhi, njoo ule

Ugomvi wa gemu katika nyumba nyingi hauwi wa kucheza, unakuwa wa kuacha. Mama anaita, mtoto anajibu "namalizia," na namalizia hiyo inachukua nusu saa.

Si kila mara mtoto ni mkaidi. Gemu za zamani zilikuwa na ubahili katika kuhifadhi. Kwenye Crash Bandicoot ya kwanza, ya mwaka 1996, mchezaji hakuweza kuhifadhi alipotaka. Alipata nafasi hasa baada ya kumaliza raundi ya ziada. Ukizima kabla, jasho lako limepotea. Na bandani hela inahesabika kwa dakika, hivyo kuacha katikati ni sawa na kuacha soda nusu chupa.

Emuleta imeondoa tatizo hilo. Kwenye RetroArch unabonyeza F2, na gemu inahifadhiwa pale pale ilipo, hata kama mchezaji yuko hewani anaruka. Kesho ukibonyeza F4 unamkuta hewani vile vile. Baba alipowaonyesha watoto vitufe hivyo viwili, mama alisogeza kiti. Kwa mara ya kwanza alikuwa amepewa silaha. Tangu hapo neno la nyumba hiyo ni moja: "Hifadhi, njoo ule." Hakuna cha kumalizia.

Kompyuta si yaya

Mambo hayakunyooka moja kwa moja. Wiki ya tatu mvulana alionekana tena bandani. Alikuwa amekula mchana, hela ilikuwa yake ya sikukuu, lakini alikuwa bandani.

Baba alifoka. Alikuwa ametumia Jumamosi mbili na hela ya pedi. Mtoto alijibu kwa upole kwamba gemu za nyumbani picha zake ni za zamani. Kisha akaongeza, akitazama chini: "Na siku hizi nacheza peke yangu."

Mama alikuwa ameshaiona. Siku baba anaporudi mapema, wanacheza mpira wawili wawili, kelele zinafika kwa jirani, na mtoto hana habari na banda. Siku baba anapochelewa kazini, kompyuta inawashwa, inachezewa dakika kumi, inazimwa, na mtoto anaaga kwenda "kwa rafiki."

Hapo ndipo lile swali la njiani lilipopata jibu. Mtoto aliyemaliza hela alibaki kwenye benchi kwa sababu benchi lilikuwa na watu. Walimjua jina, walibishana naye, walimcheka akifungwa na kumsifia akishinda. Picha nzuri zilikuwa nyongeza tu.

Baba hakuweza kubadili saa zake za kazi zote. Alichoweza ni jioni mbili, Jumatano na Ijumaa, anatoka kazini na kupanda daladala ya kwanza. Simu inawekwa juu ya friji. Wanacheza dakika 45, kwa zamu, aliyefungwa anampisha mdogo. Mara kadhaa sasa mdogo huyo amewafunga wote wawili.

Na mvulana ameruhusiwa kualika marafiki wawili siku ya Jumamosi. Mama wa rafiki mmoja alikuja kwanza kuona, akaketi, akanywa chai. Bandani nako hajakatazwa kabisa: anakwenda mara moja kwa wiki, mchana, kwa hela inayojulikana, na anaaga kwa jina la mahali anapokwenda kweli. Tuisheni hajakosa tena tangu hapo. Hesabu bado zinamsumbua, na hilo ni kazi nyingine.

Kucheza sana na kuumwa

Si kila mtoto anayependa gemu ni mgonjwa. Shirika la Afya Duniani limeliingiza tatizo la uchezaji gemu kwenye orodha yake ya magonjwa, ICD-11, iliyopitishwa mwaka 2019 na kuanza kutumika Januari 2022. Dalili zake ni tatu: mtu hawezi kujizuia, gemu inatangulia mambo mengine yote ya maisha, na anaendelea hata baada ya kuona madhara. Kwa kawaida hali hiyo iwe imedumu miezi 12 au zaidi, na iwe imeharibu masomo, kazi au uhusiano na watu.

Mvulana wa Tabata hakuwa huko. Lakini kuruka chakula na kudanganya kila siku ni alama za njia inayoelekea huko, na wazazi wake waliziona mapema kwa sababu mwalimu alipiga simu na mdogo alisema. Mzazi anayeona dalili hizo tatu kwa mtoto wake asibaki na fimbo tu. Ampeleke kwenye kituo cha afya, aulizie huduma ya afya ya akili.

Kwa walio na watoto wadogo zaidi, mwongozo wa shirika hilo wa mwaka 2019 unasema mtoto wa chini ya miaka miwili asikalishwe mbele ya kioo, na wa miaka miwili hadi minne isizidi saa moja kwa siku, ikipungua ni bora zaidi. Huyo hahitaji emuleta. Anahitaji mchanga, mpira na mtu wa kukimbizana naye.

Kabla hujawasha

Mzazi anayetaka kujaribu hahitaji kompyuta mpya wala bando kubwa. Anahitaji kukubaliana na mwenzake kwanza, mbele ya watoto, kuhusu mahali mashine itakapokaa, siku za kucheza na saa ya kuzima. Programu ishushwe kwa wenyewe. Gemu ziwe za diski zako au zile zinazotolewa bure na waliozitengeneza. Nunua pedi mbili, usinunue moja. Pedi ya pili ni ya kwako.

Na kazi ya kuisimika fanya na mtoto, hata kama anakuchelewesha. Mpe kitambaa afute diski, mwache asome maandishi ya kwenye kioo na kukuambia yanasema nini. Kama utashindwa kupata jioni hata moja kwa wiki ya kushika hiyo pedi ya pili, acha kompyuta ibaki imefunikwa kitambaa chake, na umtafutie mtoto timu ya mpira mtaani.